Mkopo wa nyumba: Hesabu ya kufanya kabla ya kutia sahihi

Familia nyingi zinazotaka kununua nyumba kwa mkopo huingia benki na swali moja: "Tutalipa pesa ngapi kila mwezi?" Jibu likionekana kutoshea kwenye mshahara, fomu hujazwa na sahihi hutiwa. Swali lenye uzito zaidi hubaki bila kuulizwa: siku deni litakapokwisha, ni pesa ngapi zitakuwa zimelipwa kwa jumla?

Tofauti kati ya maswali hayo mawili inaweza kuwa mamilioni ya shilingi. Kwa riba ile ile ya asilimia 14 kwa mwaka, mkopo wa Sh3 milioni unaweza kumgharimu mkopaji Sh5.6 milioni au Sh10.8 milioni. Kinachobadilika ni muda wa kulipa tu.

Makala haya yanaeleza jinsi gharama hiyo inavyojijenga, ada ambazo wakopaji wengi husahau, unafuu uliopo kisheria, na maswali ambayo mkazi anapaswa kupata majibu yake kwa maandishi kabla ya kujifunga.

Afueni ndogo ya mwezi, gharama kubwa ya miaka

Chukua mfano wa mwalimu na mkewe muuguzi. Wamepata nyumba mjini inayouzwa Sh3,750,000. Wana akiba ya Sh750,000, ambayo ni asilimia 20 ya bei, na wanataka kukopa Sh3,000,000 zilizobaki. Benki inawatoza riba ya asilimia 14 kwa mwaka, inayohesabiwa kwa salio la deni. Hesabu yao itakuwa hivi:

- Miaka 10: Sh46,580 kwa mwezi. Jumla, takriban Sh5,590,000.
- Miaka 15: Sh39,952 kwa mwezi. Jumla, takriban Sh7,191,000.
- Miaka 20: Sh37,306 kwa mwezi. Jumla, takriban Sh8,953,000.
- Miaka 25: Sh36,113 kwa mwezi. Jumla, takriban Sh10,834,000.

Wanandoa hao wakichagua miaka 25 badala ya 20, malipo ya kila mwezi yatapungua kwa Sh1,193 pekee. Lakini kwa afueni hiyo ndogo watalipa karibu Sh1.9 milioni zaidi. Wakijikaza na kuongeza Sh2,646 kwa mwezi ili wamalize kwa miaka 15 badala ya 20, wataokoa zaidi ya Sh1.7 milioni. Hizo ni pesa zinazoweza kusomesha watoto au kununua shamba.

Kwa hivyo, mkopo wenye malipo madogo zaidi ya mwezi si lazima uwe mkopo wa bei nafuu. Mara nyingi ndio ghali zaidi.

Kwa nini deni halishuki miaka ya mwanzo

Riba hutozwa kwa deni ambalo bado halijalipwa. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hivyo riba pia ni kubwa.

Katika mfano wa miaka 20, riba ya mwezi wa kwanza ni Sh35,000. Wanandoa wanapolipa Sh37,306, ni Sh2,306 pekee zinazopunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili riba hupungua kidogo sana, na mwendo huwa huo huo kwa muda mrefu.

Baada ya miaka mitano watakuwa wamelipa takriban Sh2,238,000. Hata hivyo, bado watadaiwa karibu Sh2,801,000. Deni litakuwa limeshuka kwa chini ya Sh200,000. Hata wakifika nusu ya safari, yaani mwaka wa kumi, bado watadaiwa takriban Sh2.4 milioni.

Hali hii huwashtua watu wanaotaka kuuza nyumba baada ya miaka michache au wanaohamishwa kikazi. Wengi huamini kwamba wamelipa sehemu kubwa ya nyumba, kumbe wamelipa riba.

Lakini hesabu hiyo hiyo inaweza kumfaidi mkopaji. Kila shilingi ya ziada inayolipwa mapema hupunguza deni lenyewe, na hivyo hupunguza riba ya miezi yote inayofuata. Wanandoa hawa wakiongeza Sh5,000 kila mwezi tangu mwanzo, watamaliza mkopo wa miaka 20 kwa takriban miaka 12 na miezi minane, na kuokoa kama Sh2.5 milioni. Ni muhimu kuielekeza benki kwa maandishi kwamba pesa za ziada zipunguze deni lenyewe, wala zisihesabiwe kuwa malipo ya mwezi ujao. Pia ni vyema kuuliza kama kuna ada ya kulipa mapema.

Riba inaweza kupanda

Mikopo mingi ya nyumba nchini ina riba inayobadilika. Benki Kuu ya Kenya inapopandisha kiwango chake cha riba, benki nazo huweza kupandisha riba kwa wateja, hata wale waliokopa miaka mingi iliyopita.

Hilo limewahi kutokea. Mapema mwaka wa 2022 kiwango cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa kimefika asilimia 13, kabla ya kuanza kushushwa mnamo Agosti mwaka huo.

Tuseme riba ya wanandoa wetu inapanda kutoka asilimia 14 hadi 17 baada ya miaka mitano. Wakitaka kumaliza deni kwa muda uliopangwa, malipo ya mwezi yataruka kutoka Sh37,306 hadi karibu Sh43,100. Familia ambayo bajeti yake imejaa pomoni tangu siku ya kwanza haina pa kupata Sh5,800 hizo. Kwa sababu hiyo, mkopaji anapaswa kujipima kwa riba iliyo juu kuliko ile anayopewa leo. Ikiwa hawezi kumudu riba ikipanda kwa asilimia tatu, basi mkopo huo ni mkubwa mno kwake.

Gharama kabla ya kupata funguo

Bei ya nyumba siyo pesa zote zinazohitajika. Mnunuzi hulipa ushuru wa stempu, ambao ni asilimia 4 ya thamani ya mali iliyo mjini na asilimia 2 ya mali iliyo maeneo ya mashambani. Kwa nyumba ya mfano wetu, ushuru huo ni Sh150,000. Anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa nyumba za bei nafuu husamehewa ushuru huu.

Kuna pia ada ya wakili wa mnunuzi na, mara nyingi, ada ya wakili wa benki, ambayo hulipwa na mkopaji. Mthamini hulipwa kwa kukadiria thamani ya nyumba. Benki hutoza ada ya kushughulikia mkopo. Kusajili nyumba kuwa dhamana ya mkopo kuna ushuru wake wa asilimia 0.1 ya pesa zilizokopwa.

Baada ya kuhamia, gharama huendelea. Benki hudai bima ya maisha ya mkopaji, ili deni lilipwe akifariki, na bima ya nyumba dhidi ya moto na majanga mengine. Kodi ya ardhi hulipwa kwa serikali ya kaunti kila mwaka, hata baada ya mkopo kuisha. Ukarabati na ada za pamoja za mtaa nazo ni juu ya mwenye nyumba.

Wanandoa wetu wakitoa akiba yao yote ya Sh750,000 kama malipo ya awali, watakwama kabla ya kufika kwa msajili wa ardhi. Afadhali kuchelewa mwaka mmoja wakiongeza akiba kuliko kuchukua mkopo wa pili, wenye riba ya juu zaidi, ili kulipia ada za ule wa kwanza.

Mnunuzi ahakikishe pia kwamba muuzaji hadaiwi kodi ya ardhi. Cheti cha kuthibitisha hilo hutolewa na serikali ya kaunti, na huhitajika wakati wa kuhamisha umiliki.

Unafuu uliopo

Kwanza, si lazima kila mkopo utozwe asilimia 14. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance Company, iliyopewa leseni na Benki Kuu mwaka wa 2020, haimkopeshi mwananchi moja kwa moja. Huzipa benki na Sacco wanachama pesa za muda mrefu kwa gharama nafuu, nazo huwakopesha wateja wanaotimiza masharti kwa riba iliyo chini ya asilimia 10. Kwa riba ya asilimia 9, mkopo ule ule wa Sh3 milioni kwa miaka 20 hulipwa Sh26,992 kwa mwezi, na jumla yake ni takriban Sh6,478,000. Hiyo ni pungufu ya karibu Sh2.5 milioni ukilinganisha na riba ya asilimia 14. Mkazi anapaswa kuuliza benki au Sacco yake kama inatoa mikopo ya aina hii.

Pili, sheria ya kodi ya mapato humruhusu anayelipia nyumba anayoishi mwenyewe kuondoa riba ya mkopo kwenye mapato yanayotozwa kodi. Tangu Desemba 27, 2024, kiwango cha juu ni Sh360,000 kwa mwaka, kutoka Sh300,000. Kwa mfanyakazi ambaye sehemu ya juu ya mshahara wake hutozwa kodi ya asilimia 30, unafuu huo unaweza kufika Sh9,000 kwa mwezi. Haupatikani wenyewe: mfanyakazi anapaswa kuwasilisha stakabadhi za riba kwa mwajiri wake au kuzitumia anapojaza ripoti ya kodi.

Tatu, tangu mwaka wa 2020 kanuni za mafao ya uzeeni humruhusu mwanachama kutumia hadi asilimia 40 ya akiba yake, isiyozidi Sh7 milioni, kununua nyumba ya kuishi. Hatua hiyo hupunguza mkopo, lakini pia hupunguza pesa za uzeeni. Inahitaji kupimwa kwa makini.

Malipo yakikwama

Waswahili husema kukopa harusi, kulipa matanga. Kwa mkopo wa nyumba, matanga ni mnada. Lakini nyumba haiwezi kuuzwa kesho yake baada ya mkopaji kukosa malipo.

Kwa mujibu wa Sheria ya Ardhi ya 2012, mkopaji akishindwa kulipa kwa mwezi mmoja, mkopeshaji anaweza kumpa notisi ya maandishi inayoeleza kiasi anachodaiwa na kumpa muda usiopungua miezi mitatu wa kulipa. Asipolipa, lazima apewe notisi nyingine ya angalau siku 40 kabla ya nyumba kuuzwa. Mkopeshaji hutakiwa kuithamini nyumba kabla ya kuiuza na kutafuta bei bora inayowezekana. Ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya ile ya soko kwa robo au zaidi, sheria huchukulia kwamba amekiuka wajibu huo hadi athibitishe vinginevyo.

Nyumba ya familia pia haiwezi kuwekwa dhamana kisiri. Mume au mke wa mwenye nyumba lazima atie sahihi au kuwe na ushahidi kwamba ameridhia.

Wakati bora wa kuzungumza na benki ni kabla ya notisi ya kwanza. Mkopaji aliyepoteza kazi au biashara anaweza kuomba kupangiwa upya malipo. Kunyamaza na kuacha kupokea simu huongeza tu faini, ada za mawakili na za madalali, na zote huongezwa kwenye deni. Nyumba ikiuzwa na pesa zisitoshe, salio bado ni deni lake.

Maswali ya kuuliza kabla ya kutia sahihi

Benki hutakiwa kumweleza mteja gharama yote ya mkopo pamoja na ratiba ya malipo. Mkopaji aende na ratiba hiyo nyumbani, aisome na mwenzake, na ahakikishe amepata majibu haya:

1. Nitakuwa nimelipa jumla ya pesa ngapi siku ya mwisho, pamoja na ada na bima zote?
2. Riba ni ya kudumu au inabadilika? Ikibadilika, inafuata kigezo gani?
3. Baada ya miaka mitano nitakuwa nadaiwa kiasi gani?
4. Nikiongeza malipo au nikimaliza mapema, kuna ada yoyote?
5. Nikikosa malipo ya mwezi mmoja, nitatozwa faini gani?

Haya yote hayamaanishi kwamba mkopo wa nyumba ni mbaya. Kodi ya nyumba nayo ni gharama, hupanda, na anayeilipa hasalii na hatimiliki. Shilingi ya miaka 20 ijayo pia haitanunua kile inachonunua leo. Kwa familia yenye mapato thabiti, malipo ya awali ya kutosha na muda mfupi wa kulipa, mkopo unaweza kuwa njia nzuri ya kupata makao.

Mwalimu na muuguzi wa mfano wetu wanaweza kuishi katika nyumba ile ile kwa Sh5.6 milioni au kwa Sh10.8 milioni. Uamuzi huo hufanywa siku moja, mezani, kalamu ikiwa mkononi. Inafaa hesabu iwe imefanywa kabla ya siku hiyo.