Bomba, Roda na Parafujo: Injini za Silinda Sita na Nane katika Kiswahili cha Pwani ya Cabo Delgado

Utangulizi

Wasomaji wa jarida letu wamezoea kukuta humu mijadala ya ngeli, ushairi na mbinu za kufundisha sarufi. Safari hii tunawaomba watuvumilie tukiwapeleka gereji. Makala haya yanaeleza namna injini za silinda sita na nane zinavyofanya kazi, na namna mafundi wanavyoziongezea nguvu. Hoja yetu ni kwamba mwalimu wa istilahi asiyeielewa mashine hawezi kumsaidia mwanafunzi anayeishi kwa mashine hiyo. Neno likieleweka vibaya, hasara yake huonekana barabarani.

Somo hilo tulilipata mwaka 2016, tulipovuka Ruvuma na kuingia Msumbiji kupitia Namoto, kuelekea Palma. Tulikuwa na wanafunzi wanne, nia yetu ikiwa kukusanya msamiati wa kazi katika pwani ambako Kiswahili kinakutana na Kimakwe, Kimwani, Kimakonde na Kireno. Gari tulilokodi lilikuwa Toyota Land Cruiser la dizeli. Kila lilipoingia kwenye mchanga lilitoa moshi mweusi, na mshale wa joto ukapanda. Tulipofika Palma tulimtafuta fundi.

Fundi alikuwa mtu mzima, gereji yake iko chini ya mwembe. Alisikiliza injini kwa muda, akasema: "Mwalimu, bomba imefunguliwa mno." Mwanafunzi wetu mmoja akainama mara moja kutafuta bomba la maji lililolegea. Alikagua mipira yote ya rejeta asione hata tone. Fundi alimtazama, akacheka kwa upole. Hakuwa anazungumzia maji hata kidogo. Ili kuelewa alichosema, hatuna budi kwanza kuifahamu injini yenyewe.

Silinda sita: safu moja au mbili

Injini nyingi za magari hufanya kazi kwa mapigo manne: kuvuta hewa, kuigandamiza, kuchoma mafuta, na kutoa moshi. Mapigo hayo humalizika krenki inapozunguka mara mbili, yaani nyuzi 720. Kwa hiyo injini ya silinda nne huwasha mara moja kila nyuzi 180, ya silinda sita kila nyuzi 120, na ya silinda nane kila nyuzi 90. Pigo la nguvu nalo huchukua takriban nyuzi 180. Katika injini ya silinda nne, pigo moja linakwisha ndipo lingine linaanza. Katika silinda sita, pigo jipya huanza kabla lililotangulia halijaisha. Ni kama watwangaji wanaopokezana mchi: wakiwa wengi, kinu hakipumziki. Hiyo ndiyo sababu ya utulivu wa injini hizi.

Silinda sita zaweza kupangwa katika safu moja iliyonyooka. Katika mpangilio huo pistoni ya kwanza na ya sita hupanda pamoja, ya pili na ya tano pamoja, ya tatu na ya nne pamoja. Misukosuko ya upande mmoja hufutwa na ya upande mwingine, na injini haitetemeki sana. Kasoro yake ni urefu, kwani inahitaji boneti ndefu. Mpangilio wa pili ni wa safu mbili zinazokutana chini kama herufi V, silinda tatu kila upande. Injini ya namna hiyo ni fupi, lakini huhitaji silinda hedi mbili, na mtetemo wake ni mgumu zaidi kuudhibiti.

Gari letu lilikuwa na injini ya safu moja iitwayo 1HZ, ambayo Toyota iliianzisha mwaka 1990. Kila silinda ina kipenyo cha milimita 94, na pistoni husafiri milimita 100. Ukizidisha kwa silinda sita unapata ujazo wa sentimita 4,164, ndiyo maana watu huiita "nne nukta mbili". Haina tabo na haina kompyuta ya kuongoza mafuta, na fundi wa kijijini anaweza kuihudumia. Magari ya aina hii yanafaa pande zote mbili za Ruvuma kwa sababu nyingine pia: ingawa ilitawaliwa na Wareno, Msumbiji huendesha kushoto kama Tanzania.

Kuongeza nguvu

Sasa turudi chini ya mwembe. Injini ya dizeli haina plagi ya kuwasha moto. Hewa hugandamizwa mpaka ikapata joto la kutosha, kisha mafuta hunyunyizwa na kuwaka yenyewe. Dereva akikanyaga mafuta, kinachoongezeka hasa ni dizeli. Kiasi cha juu kabisa kinachoruhusiwa hupangwa kwenye pampu ya dizeli, kwa parafujo ndogo iliyofungwa kiwandani.

Mtu anayetaka nguvu ya haraka huizungusha parafujo hiyo. Mwanzoni gari huchangamka kweli. Lakini hewa inayoingia ni ileile, na mafuta yaliyozidi hayapati hewa ya kuungua vizuri. Mabaki yake ndiyo moshi mweusi, na joto ndani ya silinda hupanda. Kwenye lami, kwa mwendo mfupi, huenda dereva asione madhara. Kwenye mchanga, ambako injini huvuta kwa gia nzito kwa muda mrefu, pistoni zaweza kuyeyuka na silinda hedi ikapasuka. Kabla ya safari yetu, gereji moja ambayo hatutaitaja ilikuwa imeifungua parafujo hiyo ili "kulichangamsha" gari. Fundi wa Palma aliirudisha nyuma kidogo kidogo, akisikiliza na kutazama moshi, hadi moshi ukakoma.

Njia iliyo bora ni kuongeza hewa kwanza. Tabo ni feni inayozungushwa na moshi unaotoka, nayo husukuma hewa nyingi zaidi ndani ya silinda. Hata hivyo, tabo haifungwi ovyo. Injini ya 1HZ hugandamiza hewa kwa uwiano wa 22.4 kwa 1. Toyota ilipotengeneza ndugu yake yenye tabo, 1HD-T, ilishusha uwiano huo hadi 18.6 kwa 1, kwa sababu hewa ya tabo huingia ikiwa imekwisha kushindiliwa. Anayeifunga tabo kwenye 1HZ bila kupima joto la moshi na bila kuweka shinikizo dogo anaitafutia injini kifo.

Silinda nane ni hatua nyingine. Injini ya dizeli ya 1VD-FTV, iliyoanza kutumika mwaka 2007 katika familia ya Land Cruiser, ina ujazo wa sentimita 4,461, safu mbili za silinda nne nne, na tabo. Kiasi cha dizeli humo huamuliwa na kompyuta. Anayetaka kuiongezea nguvu hubadilisha programu, si kuzungusha parafujo. Kanuni, hata hivyo, haibadiliki: mafuta yasiyo na hewa ni moshi na joto.

Funzo kwa mwalimu wa lugha

Mwanafunzi wetu alikosea wapi? Kwake yeye bomba ni mrija wa maji. Fundi alitumia maana ya Kireno, ambamo "bomba" ni pampu, na "bomba injectora" ni pampu ya dizeli. Neno letu lenyewe lilitoka Kireno karne nyingi zilizopita, likapanua maana hadi kuwa mrija. Katika gereji ya Palma neno mama na neno mtoto vilikutana, visitambuane. Vivyo hivyo "roda": kwa baharia wetu ni kapi la kupitishia kamba ya tanga, kwa fundi wa Palma ni gurudumu la gari. Parafujo pekee ndiyo iliyobaki karibu na "parafuso" ya Kireno, na ndiyo iliyotuokoa.

Mtego wa hatari zaidi ni wa mafuta. Siku ya pili tulimtuma mwanafunzi kununua lita tano za petroli kwa ajili ya jenereta. Alirudi na mafuta ya taa, kwani huko "petróleo" ni mafuta ya taa. Petroli huitwa "gasolina", na dizeli huitwa "gasóleo". Harufu ndiyo iliyotuzuia kuyamimina.

Tarehe 5 Oktoba 2017 mashambulizi yalianza Mocímboa da Praia, na tarehe 24 Machi 2021 Palma yenyewe ikashambuliwa. Maelfu walikimbia, mafundi na madereva wakiwa miongoni mwao, na habari za fundi wetu hatukuzipata tena. Tulichobaki nacho ni daftari la maneno yake. Mtu aliyehama na ufundi wake anahitaji maneno ya mahali alipofikia ili apate kazi, na sisi tunahitaji maneno yake ili tumfundishe.

Hivyo basi, tunapendekeza somo la istilahi lisiishie kwenye orodha za ubaoni. Mwanafunzi apelekwe gereji, aone krenki, ashike pistoni, aulize kila kifaa kinaitwaje na kinafanya nini. Tunawaalika wasomaji wenye maneno ya gereji za maeneo yao watuletee idarani, kila neno likiambatana na maelezo ya kazi ya kifaa. Neno bila kazi yake ndilo lililomfanya mwanafunzi wetu atafute maji penye dizeli.