Kwenda Lamu kwa gari: hesabu saa za mchana

Kila shule zikikaribia kufungwa huulizwa: Mombasa hadi Lamu kwa gari ni saa ngapi? Lami sasa yafika Mokowe, lakini mimi hujibu: utatoka saa ngapi?

Ondokeni baada ya swala ya alfajiri. Malindi jazeni mafuta na mtazame tairi la spea, kwani mbele vijiji vimeachana. Ulizieni pia kama magari yanasindikizwa na polisi siku hiyo kutoka Gamba. Mwaka mmoja nilikawia Malindi kwa tamaa ya samaki wa kukaanga. Giza likatukuta Garsen, tukazuiwa kuendelea, watoto wakalala garini. Mbu wa Tana nawajua.

Msimu wa mvua, mpigieni simu mtu wa huko kwanza. Novemba 2023 mto ulifurika ukaikata njia pale Lango la Simba.

Pakiwa pakavu, hapo ndipo penye uzuri: bonde la Tana, ng'ombe wa Waorma, ndege tele, kisha miembe ya Witu. Mokowe gari huachwa bara, mkapanda boti.