Chama ni cha Nani? Kesi ya Vyama vya Ushirika huko Uhindi

Katika vijiji vyetu vingi watu huunganisha nguvu zao ili kuuza kahawa, kuweka akiba au kununua mashine ya kusaga. Vyama hivyo twaviita vyama vya ushirika, na wengine huviita koperativa. Siku ya kuvianzisha furaha huwa kubwa. Lakini baadaye huzuka swali gumu: ni nani mwenye neno la mwisho katika chama, wanachama au serikali? Swali hilo lilifikishwa mbele ya mahakimu wa Uhindi, nasi twaona yafaa kuwasimulia.

Maziwa ya Anand

Katika jimbo la Gujarat uko mji uitwao Anand. Wafugaji wa nchi ile, wengi wao wenye nyati mmoja au wawili tu, waliuza maziwa yao kwa bei iliyopangwa na wengine. Mwaka wa 1946 walichoka. Wakakataa kupeleka maziwa kwa majuma mawili hivi, kisha wakaunda ushirika wao wenyewe chini ya uongozi wa Tribhuvandas Patel. Walianza na vyama viwili vya vijiji na lita 250 hivi kwa siku. Leo jina lao la biashara, Amul, lajulikana Uhindi nzima.

Basi, si vyama vyote vilivyopata viongozi wa namna hiyo. Mahali pengi uchaguzi uliahirishwa mwaka hata mwaka, hesabu hazikukaguliwa, na mara nyingi serikali za majimbo zilivunja kamati zilizochaguliwa, zikaweka msimamizi wao badala yake. Mwanachama akabaki na kitabu chake cha hisa mkononi, pasipo sauti.

Dawa ya Bunge

Mwishoni mwa mwaka wa 2011 Bunge la Uhindi likaibadili katiba, na mabadiliko hayo, ya 97 kwa hesabu, yakaanza kutumika tarehe 15 Februari 2012. Kuunda chama cha ushirika kukawa haki ya kila raia. Tena zikatungwa kanuni kwa nchi nzima: kamati isipite watu 21, wala isikae zaidi ya miaka 5, wanawake wapewe nafasi 2, na watu wa matabaka na makabila yaliyodharauliwa nafasi 1, mkutano mkuu ufanyike katika miezi 6 baada ya mwaka wa hesabu kwisha. Na serikali isiivunje kamati ya chama kisichopokea fedha, mkopo wala dhamana yake.

Ni nani asiyeona kwamba kanuni hizo zilikuwa na faida? Walakini raia mmoja wa Gujarat alikwenda mahakamani kuzipinga. Hoja yake ilikuwa hii: tangu mwaka wa 1919 mambo ya ushirika yalikuwa mikononi mwa majimbo, na katiba ya mwaka wa 1950 ililiacha jambo hilo vivyo hivyo. Atakaye kupunguza mamlaka ya majimbo, hana budi kupata kibali cha mabaraza ya nusu ya majimbo hayo. Kibali hicho hakikuombwa.

Hukumu

Tarehe 22 Aprili 2013 Mahakama Kuu ya Gujarat ilimpa haki. Serikali ya nchi ikakata rufani. Tarehe 20 Julai 2021 Mahakama ya Juu kabisa, huko New Delhi, ikatoa hukumu yake. Mahakimu Nariman na Gavai walisema kwamba sura ile mpya haina nguvu kwa vyama vilivyo ndani ya jimbo moja. Itabaki kwa vyama vyenye wanachama wa majimbo mbalimbali tu. Hakimu wa tatu, Joseph, aliona yafaa sura yote ifutwe. Lakini haki ya kuunda chama haikuguswa.

Tuangalie vema. Mahakimu hawakusema kwamba kukagua hesabu ni vibaya, au kwamba wanawake wasikae katika kamati. Walisema kwamba nia njema haimpi mtu ruhusa ya kuruka mlango. Hata serikali yafungwa na sheria.

Na sisi je? Hakimu aweza kumzuia mkubwa asivuke mpaka wake. Hawezi kuhudhuria mkutano kwa niaba yetu, wala kuhesabu magunia yetu. Mwanachama asiyesoma kanuni za chama chake, asiyeuliza fedha zimekwenda wapi, amekwisha kukitoa chama mikononi mwake kabla serikali haijakigusa. Wazee walinena: Mali bila daftari hupotea bila habari. Basi, mkutano ujao utakapoitwa, twendeni, na daftari lifunguliwe mbele ya wote.