Modi Zisimwagwe Ndani ya Gemu

Waliotengeneza magemu makubwa ya kompyuta hawakumfikiria mchezaji wa Kaloleni, Arusha. Grand Theft Auto: San Andreas, gemu la 2004 ambalo bado linawaka kwenye kompyuta nyingi zilizochoka, lina mabasi, lakini ni mabasi ya Marekani. Gemu la mpira la PES 2021 lina klabu chungu nzima za Ulaya na Amerika Kusini, ila Ligi Kuu ya Tanzania Bara haimo, kwa hiyo anayetaka Simba ikutane na Yanga lazima aziingize mwenyewe. Nyongeza hizi zinazotengenezwa na mashabiki, iwe ni jezi, basi, barabara au sura ya mchezaji, ndizo zinazoitwa modi. Zinasambaa kama vitu vingine vinavyosambaa mtaani: mmoja anapakua kwa bando lake, wengine wanafuata na flashi. Bahati mbaya kinachosambaa ni mafaili tu, utaratibu wa kuyapanga unabaki nyuma. Mtu anachukua folda nzima, anaimwaga ndani ya folda ya gemu, kompyuta inamuuliza kama faili la zamani lifutwe, anabonyeza ndiyo bila kusoma. Gemu likigoma kuwaka, analaumu modi, analaumu kompyuta, halafu anaanza kutafuta mtu mwenye nakala safi.

Dawa ipo na haina bei: programu ya kusimamia modi. Wengi wanaidhania kuwa anasa ya wachezaji wenye mashine za mamilioni na intaneti isiyokatika. Mimi naona kinyume chake. Mwenye intaneti ya uhakika akiliharibu gemu analifuta na kulipakua upya usiku akiwa amelala. Anayenunua bando kwa kupima ndiye asiyemudu kuharibu. Skyrim Special Edition, kwa mfano, inadai nafasi ya GB 12 kwenye diski, na hapo bado hujaweka modi hata moja. Kurudia mzigo wa namna hiyo kwa bando la simu ni hasara ya kweli, wakati programu yenyewe ya kuuzuia usirudiwe ni ndogo sana ukiilinganisha na gemu.

Tuangalie kwa karibu kinachotokea ndani ya San Andreas. Magari yote ya gemu hilo, pamoja na majengo na miti, yamefungwa ndani ya faili moja kubwa liitwalo gta3.img, lenye ukubwa wa mamia ya MB. Basi la safari ndefu humo ndani ni mafaili mawili: coach.dff, lenye umbo lake, na coach.txd, lenye rangi na maandishi yake. Anayetaka basi hilo lifanane na linalotoka Arusha kwenda Dar es Salaam kupitia Moshi, Same, Korogwe na Chalinze anahitaji kubadilisha hayo mawili tu. Kwa njia ya zamani, analifungua gta3.img kwa programu maalumu, anayatoa mafaili ya asili, anapachika mapya, kisha anahifadhi. Umeme ukikatika katikati ya kuhifadhi, faili zima linaweza kuharibika, na gari na jengo vinakwenda pamoja. Hata umeme usipokatika, coach.txd la asili limeshaondoka. Kama hukuliweka nakala mahali, hulipati tena. Programu ya Mod Loader inafanya kazi hiyo hiyo bila kuligusa gta3.img. Ndani ya folda ya gemu inakuwepo folda iitwayo modloader. Humo unatengeneza folda ndogo, unaipa jina unalolitaka, unaweka mafaili yako mawili, basi. Gemu linapowaka, Mod Loader inalielekeza lisome coach yako badala ya ile ya asili. Umeichoka? Futa folda ndogo, basi la Marekani linarudi lilivyokuwa.

Wazo ni hilo moja katika programu zote za aina hii, ingawa njia zinatofautiana: kilicho cha asili kikae peke yake, kilichoongezwa kikae peke yake, na iwepo kumbukumbu ya kipi kimetoka wapi, kama daftari la mikopo la dukani. Mod Organizer 2, inayopendwa na wachezaji wa Skyrim, inaweka kila modi kwenye folda yake nje ya gemu, halafu gemu linapowashwa kupitia programu hiyo linaonyeshwa folda ya kufikirika ambamo vyote vimechanganyika. Ukiliwasha gemu moja kwa moja bila kupitia humo, halioni modi hata moja, na hapo ndipo wageni wengi wanapodhani wamekosea kusakinisha. Vortex, iliyotolewa na watu wa tovuti ya modi ya Nexus Mods, inafanya vingine: inalipa faili moja majina mawili kwenye diski, moja ndani ya ghala lake na jingine ndani ya gemu, bila kuchukua nafasi mara mbili. Kwa njia hiyo ghala na gemu lazima vikae kwenye diski moja. Ukiweka ghala kwenye diski D na gemu likawa C, itagoma. Kwa wachezaji wa PES kuna Sider, ambayo husoma jezi na nyuso kutoka folda za pembeni na kuyaacha mafaili makubwa ya Konami, waliotengeneza gemu hilo, yalivyo.

Panapovuruga watu zaidi ni mpangilio. Modi mbili zikigusa kitu kimoja, tuseme zote zinabadilisha rangi ya basi lile lile, moja lazima ishinde, na hakuna kanuni moja ya magemu yote. Euro Truck Simulator 2, gemu la malori la 2012 kutoka Jamhuri ya Cheki, lina msimamizi wa modi ndani yake lenyewe: orodha ya kushoto ni modi ulizonazo, ya kulia ni zinazotumika, na iliyo juu ndiyo inayoshinda. Kwenye Mod Organizer 2 ni kinyume, iliyo chini ndiyo inayoshinda. Kwenye Mod Loader kila modi ina namba ya kipaumbele, kawaida 50, na kubwa hushinda ndogo. Anayehama gemu moja kwenda jingine akiwa na mazoea ya lile la kwanza atapanga kila kitu kichwa chini na kulalamika kwamba modi hazifanyi kazi. Ziko kazini, ila mwenyewe ndiye aliyezipa amri isiyo sahihi.

Atakuwepo wa kusema kwamba kunakili kwa mkono kunafundisha, na kwamba anayeachia programu kila kitu hajui gemu lake limejengwaje. Pingamizi hili lina uzito. Fundi aliyewahi kulifungua gta3.img mwenyewe anajua mambo ambayo mbonyezaji wa vitufe hatayajua. Lakini kujifunza kunataka nafasi ya kukosea na kurudi nyuma. Anayejaribu juu ya nakala pekee aliyonayo hujifunza mara moja tu, kisha somo limekwisha. Baadhi ya programu hizi zinaonyesha faili gani limeshindwa na lipi, na hicho ndicho kipande cha elimu ambacho kunakili kwa mkono hukificha.

Wengine watasema vijana wetu wengi wanacheza kwenye simu, kompyuta ni ya wachache. Kweli kabisa, na hata huko wazo lile lile limeshafika. Bus Simulator Indonesia, gemu la simu lililotolewa na kampuni ya Maleo 2017, linapokea basi kutoka nje kama faili moja lenye mkia wa .bussidmod, ambalo halifuti basi la asili. Linaorodheshwa pembeni yake na mchezaji anachagua. Ndiyo maana mabasi yenye rangi za Afrika Mashariki yamesambaa haraka kwenye gemu hilo: mtu hahofii kuyajaribu. Waliolitengeneza wamemjengea mchezaji msimamizi wake bila kumwambia.

Pingamizi la haki miliki siwezi kulipuuza. Kampuni hazina msimamo mmoja. Wenye Euro Truck Simulator 2 wanazikaribisha modi, na wenye Skyrim walitoa zana zao za kutengenezea kwa umma tangu 2012. Take-Two, wamiliki wa Grand Theft Auto, wamekuwa wakali, na 2021 walizishinikiza modi kadhaa za San Andreas ziondolewe mtandaoni. Programu ya kusimamia haihalalishi modi ya wizi wala gemu la wizi. Haizuii virusi pia: anayeletewa "basi" ambalo ni faili la .exe na akalifungua, amejitakia.

Kuna mpaka mwingine ambao watu hawaambiwi. Programu inarudisha mafaili ya gemu, lakini haiwezi kuirudisha sevu, yaani faili linalohifadhi mchezaji alipofikia. Kwenye Skyrim, modi yenye skripti zake inaandika mambo ndani ya sevu, na ukiiondoa katikati ya safari, sevu inaweza kuharibika hata kama folda ya gemu ni safi kama siku ya kwanza. Ndiyo sababu ya kuwepo kwa profaili: seti moja ya modi na sevu zake, nyingine na zake, hazichanganyiki. Kwetu, ambako kompyuta moja inatumiwa na ndugu wanne au na kibanda kizima cha gemu, naliona hili kuwa la manufaa kuliko yote. Mmoja anacheza na mabasi ya Arusha, mwingine anataka gemu kama lilivyotoka kiwandani, na hakuna anayemharibia mwenzake.

Kwa hiyo mwenye kibanda, au kaka mkubwa mwenye kompyuta ya nyumbani, aanze hivi: alinakili gemu safi kwenye diski ya pembeni kabla ya jambo lolote, asakinishe programu inayolifaa gemu hilo, kisha aweke modi moja na kuicheza kabla ya kuongeza ya pili. Wale wanaoweka ishirini kwa mkupuo, gemu likigoma hawatajua ni ipi kati ya ishirini iliyoligomesha, na hapo hakuna programu itakayowasaidia.