Lola Lane, stelingi wa "Zanzibar" isiyo na Unguja

Mwaka 1940 kampuni ya Universal ya Marekani ilitoa picha iitwayo Zanzibar. Stelingi wake alikuwa mwanamke, Lola Lane. Anaigiza mwindaji anayeingia porini kutafuta fuvu takatifu la kichwa, maadui wakiliwinda hilo hilo, na mlima wa volkano unalipuka.

Msikilizaji wa Makunduchi au Nungwi, hebu utafute mlima huo! Kisiwa chetu ni jiwe la matumbawe, na anayechimba kisima analijua. Mnyama mkali tuliyekuwa naye ni chui, na hata yeye sasa anadhaniwa ametoweka. Picha ilitengenezwa California. Kilichotoka kwetu ni jina tu.

Kwa nini jina letu? Zama hizo majumba mengi ya senema Marekani yalionesha picha mbili kwa tiketi moja. Ya kwanza ilitengenezwa kwa fedha nyingi. Ya pili ilikuwa fupi, ya bei rahisi, ikipigwa kwa wiki chache tu. Picha ya namna hiyo ilihitaji jina la kumvuta mtu mlangoni, na "Zanzibar" kwa Mmarekani ilikuwa na maana ya mbali sana, basi. Mwaka uliofuata kampuni ya Paramount nayo ikatoa Road to Zanzibar, ya Dorothy Lamour, Bing Crosby na Bob Hope. Hiyo pia ilipigwa kwao.

Na sisi hatukuwa wageni wa senema. Wakati wa Sultani Khalifa bin Haroub watu wa Mji Mkongwe walikuwa wakienda kuangalia picha Vuga, kwenye Royal, pale ilipokuja kujengwa Majestic.

Habari ya fuvu, hata hivyo, inamgusa kila Mtanzania. Mtwa Mkwawa wa Wahehe alipofariki mwaka 1898, Wajerumani walichukua kichwa chake. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 uliwaamuru walirudishe fuvu, lakini lilirudi mwaka 1954, Gavana Twining alipolikabidhi Kalenga, Iringa. Kwa hiyo Lola alipokuwa akitafuta fuvu la mchezo huko California, watu wa Iringa walikuwa bado wanalisubiri la kweli.

Lola mwenyewe hilo halikuwa jina lake. Alizaliwa Dorothy Mullican, mwaka 1906 jimbo la Indiana, binti wa daktari wa meno, akakulia mji mdogo wa Indianola, Iowa. Akiwa na miaka 12 alipata kazi ya kupiga piano kwenye picha zisizo na sauti. Baadaye akaenda New York kwenye jukwaa, akapewa jina jipya, na mwaka 1929, picha zilipoanza kusema, akaigiza katika Speakeasy.

Mafanikio yake makubwa yalikuja mwaka 1938, kwenye Four Daughters ya kampuni ya Warner, pamoja na wadogo zake Rosemary na Priscilla. Picha ikapendwa, ikafuatiwa na nyingine za familia ile ile. Ila aliyeng'ara zaidi ni Priscilla, kitinda mimba. Dada mtu akabaki na picha za pili kama hii ya Zanzibar, na kwa maoni yangu kumpa mwanamke bunduki na safari aiongoze yeye halikuwa jambo dogo mwaka 1940. Mwaka 1946, akiwa na miaka 40, aliacha uigizaji.

Jina lake lilikuwa limeshaenda mbali kuliko yeye. Yule mwandishi wa habari wa hadithi za Superman, Lois Lane, anajulikana dunia nzima. Mwaka 1988 Jerry Siegel, mmoja wa waliomtunga Superman, aliliandikia jarida la Time kwamba jina la Lois alilitoa kwa Lola Lane. Lola alikuwa amefariki tangu mwaka 1981.