Twiga wa Malindi na Madubwana ya Kijapani

Mtoto wa Kijapani akipelekwa bustani ya wanyama na kumwona twiga, humwita kirin. Jina hilo si la twiga peke yake. Ni jina pia la mnyama wa hadithi, mwenye mwili wa kulungu na mkia wa ng'ombe, ambaye wazee wa Mashariki ya mbali walisema haonekani duniani ila zama za mtawala mwadilifu. Wajapani hawakulitunga jina hilo. Walilipokea kutoka kwa Wachina. Na katika siku zile ambapo mnyama wa hadithi na twiga wa mwituni walifanywa kitu kimoja mbele ya mfalme, wajumbe wa Malindi walikuwapo, na kamba ya twiga i mikononi mwao.

Basi, ndugu msomaji, tukizungumza juu ya madubwana ya sinema za Kijapani, na wale mabwana wa panga waitwao samurai, tusidhani kuwa ni habari za mbali zisizotugusa. Habari hizi zina mlango wake hapa pwani.

ZAWADI ILIYOVUKA BAHARI

Mwaka 1414 mfalme wa Bengal, Saifuddin, alimpelekea mfalme wa China zawadi ya twiga. Mwaka uliofuata, 1415, wakafika wajumbe wa Malindi na twiga wao. Mfalme aliyepokea zawadi hizo alikuwa Yongle, wa ukoo wa Ming. Wakuu wa baraza lake walimtazama mnyama yule, wakaona ana kwato, ana pembe fupi zilizofunikwa ngozi, hali nyama, wala hasikiki akilia. Sifa hizo ndizo walizokuwa wamezisoma vitabuni juu ya kirin, ambaye wao humtamka chilin: mnyama mpole asiyemdhuru kiumbe, hata majani mabichi haoni raha kuyakanyaga. Wako wataalamu wanaosema kuwa hata jina lilisaidia, kwa kuwa Wasomali humwita twiga geri, na sikio la Mchina likalisikia neno lake mwenyewe.

Kiongozi wa safari kubwa za baharini za mfalme huyo alikuwa Amiri Zheng He, mzaliwa wa Yunnan, mtoto wa nyumba ya Kiislamu ambaye baba yake na babu yake walijulikana kwa jina la Haji. Katika watu wake alikuwamo Ma Huan, mkalimani Mwislamu, aliyeandika kitabu juu ya nchi walizozifikia. Katika safari iliyoanza mwaka 1417 merikebu hizo zilifika Malindi.

Ushahidi wa biashara ile ungali kwetu. Bakuli za Kichina zilipachikwa katika nguzo ya kaburi la kale la Mambrui, na vipande vya vyombo vya Kichina vimefukuliwa Gede. Mwaka 2010 wachimbuzi wa Kichina na wa Kenya waliokuwa wakifukua Mambrui walipata sarafu ya zama za Yongle. Hata hivyo, mgeni akifika Malindi huonyeshwa kwanza nguzo ya Vasco da Gama, aliyetia nanga mwaka 1498. Twiga aliyemtangulia kwa miaka zaidi ya themanini husahauliwa.

MFALME ALIYEHITAJI MNYAMA

Lakini tujiulize: kwa nini twiga alishangiliwa hivyo? Jawabu limo katika habari za mfalme mwenyewe. Yongle hakurithi kiti kwa njia ya kawaida. Alikitwaa kwa vita mwaka 1402, akampindua mtoto wa ndugu yake. Mtu wa namna hiyo, kuletewa mnyama anayesemekana huja kwa mwadilifu tu, ni heri kubwa kwake. Ni kama shahidi aliyetumwa kutoka mbinguni kuja kusema kuwa kiti ni halali. Washairi wa baraza walimsifu mnyama, na mchoraji akamchora. Mfalme mwenyewe alijionyesha mnyenyekevu; alisema sifa ni za marehemu baba yake na za mawaziri wake. Unyenyekevu huo nao ulizidi kumpamba.

Twiga hakuwa na habari. Hakutoa ushahidi juu ya uadilifu wa mtu yeyote. Alikuwa akitafuta majani. Waliosema ni wale waliosimama kando yake. Na hapo ndipo tunapopata funzo la kwanza: wanadamu wamezoea kumtazama mnyama wa ajabu ili wapate kumpima mtawala wao, na watawala nao wamezoea kumshika mnyama huyo ili apime wapendavyo.

Siku hizi Wachina wenyewe humwita twiga kwa jina lenye maana ya kulungu wa shingo ndefu. Ni Wajapani, pamoja na Wakorea, walioendelea na jina la zamani. Twiga hai wa kwanza kufika Japani waliingia bustani ya Ueno, Tokyo, mwaka 1907, na kwa Wajapani wakawa kirin.

PANGA NA MNYAMA WA AMANI

Samurai walikuwa tabaka la askari waliowatumikia mabwana wakubwa wa nchi. Haki yao ya kuchukua panga hadharani iliondolewa mwaka 1876, lakini katika sinema wanaishi hadi leo. Zama zinazopendwa zaidi na watunga sinema ni zile za vita vya wenyewe kwa wenyewe, miaka ya 1400 na 1500, ambapo kila bwana alimvamia jirani yake.

Katika mabwana hao alitokea Oda Nobunaga, mtu mkali, aliyeyachoma moto mahekalu ya mlima Hiei mwaka 1571. Wataalamu wengi husema kuwa alama aliyoitumia kutia sahihi ilitokana na herufi ya jina la kirin. Tazama maajabu: mwenye kuchoma moto anatia sahihi kwa jina la mnyama asiyekanyaga majani! Nobunaga huyo ndiye aliyemchukua katika utumishi wake Mwafrika aliyeitwa Yasuke, aliyefika Japani mwaka 1579 pamoja na mapadri wa Kireno na Kiitalia, na ambaye husemwa asili yake ni Msumbiji. Mwaka 1582 Nobunaga alisalitiwa na jemadari wake, Akechi Mitsuhide, akafa katika hekalu la Honnoji. Siku chache baadaye Akechi naye aliuawa.

Mwaka 2020 shirika la utangazaji la Japani, NHK, lilianza kuonyesha mchezo mrefu wa televisheni juu ya Akechi, uliokwisha Februari 2021. Jina lake, Kirin ga Kuru, maana yake ni "Kirin anakuja". Swali linalouendesha ni lile lile la baraza la Yongle: ni nani katika mabwana hawa wenye panga atakayeleta amani, hata mnyama wa heri akubali kuja?

Mtengenezaji sinema mashuhuri Kurosawa Akira alikwisha kulijibu kwa njia nyingine mwaka 1954, katika sinema yake ya Samurai Saba. Humo wakulima wanaibiwa mavuno na majambazi, na hakuna bwana wa kuwatetea. Wanakwenda kutafuta samurai wenye njaa, wasio na wa kumtumikia, wawalinde kwa malipo ya wali tu. Samurai wanne kati ya saba wanakufa. Mwisho wake wakulima wanapanda mpunga huku wakiimba, na kiongozi wa samurai anakiri kuwa walioshinda ni wakulima, si wao. Mwenye shamba ndiye aliyebaki.

DUBWANA LITOKALO BAHARINI

Mwaka huo huo wa 1954, tarehe 1 Machi, Marekani ililipua bomu la haidrojeni katika kisiwa cha Bikini, bahari ya Pasifiki. Mbali na hapo palikuwa na chombo cha Kijapani cha kuvua jodari, na ndani yake wavuvi 23. Majivu meupe yenye sumu yakawanyeshea kama mvua. Wote waliugua, na mwezi wa Septemba mmoja wao, fundi wa redio wa chombo kile, akafa. Japani ilikuwa imeonja mabomu ya Hiroshima na Nagasaki miaka tisa tu nyuma.

Tarehe 3 Novemba ikatoka sinema ya Godzilla, iliyoongozwa na Honda Ishiro. Wajapani humwita Gojira, jina lililounganishwa kutokana na sokwe mkubwa na nyangumi. Sinema inaanza kwa chombo cha baharini kuteketea. Dubwana hilo lililala chini ya bahari tangu kale, likaamshwa na mabomu, nalo likapanda pwani na kuivunja Tokyo. Wengi hukumbuka majumba yakianguka. Lakini kuna sehemu nyingine inayostahili kukumbukwa zaidi: bungeni, mkubwa mmoja anataka habari ya dubwana ifichwe, watu wasije wakaingiwa na hofu na biashara ikaharibika, wanawake wanasimama na kudai kwamba ukweli utangazwe. Na mtaalamu mwenye silaha ya kuliua anazichoma karatasi zake, kisha anakufa pamoja na dubwana, ili silaha ile isije ikaangukia mikono ya watawala.

Baada ya tetemeko na mawimbi ya tarehe 11 Machi 2011 kuharibu mitambo ya nyuklia ya Fukushima, sinema ya Shin Godzilla ya mwaka 2016 ilirudia shutuma hizo kwa namna mpya. Dubwana linatembea mjini, na wakuu wanatoka mkutano huu na kuingia mkutano ule, kila mmoja akingoja idhini ya mwenzake. Kwa hivyo kirin na Godzilla ni pande mbili za sarafu moja. Mmoja husemwa anakuja kwa uadilifu. Mwingine anakuja kwa sababu uadilifu haukuwapo.

NUNDA WETU

Nasi tunaye wetu. Katika hadithi za Kiswahili zilizokusanywa Unguja na Edward Steere, na kuchapishwa London mwaka 1870, imo hadithi ya Sultani Majnun na Nunda mla watu. Nunda hakuzaliwa dubwana. Alikuwa paka wa sultani. Alikamata ndama, watu wakaenda kushitaki. Sultani akajibu kuwa paka ni wake na ndama ni wake, aachwe. Akakamata mnyama mkubwa zaidi, wakashitaki tena, wakaambiwa wanamchukia paka wa watu. Akala mtoto, akala mtu mzima, na jawabu likawa lile lile. Paka akahamia mwituni akawa Nunda. Sultani hakuamka mpaka alipoliwa watoto wake mwenyewe. Aliyemwua Nunda ni kitindamimba aliyedharauliwa, ambaye kazi yake ilikuwa kukaa jikoni.

Hebu izingatie hadithi hiyo. Kilichomkuza paka si nyama peke yake. Kila shitaka lililorudishwa lilimwongezea kimo. Wazee wetu waliyajua haya kabla sinema haijavumbuliwa, na hawakuhitaji bomu ili wayafahamu. Husimuliwa kuwa Sayyidna Umar alikhofu kuulizwa na Mola wake hata juu ya baghala atakayejikwaa huko Iraki kwa kukosa kutengenezewa njia. Sultani Majnun hakukhofu juu ya watu, seuze baghala.

WAVUVI WA UYOMBO

Kilifi imelipata jambo hili karibu. Serikali ilipanga kujenga kinu cha nyuklia cha kutoa umeme, cha megawati 1,000, na Uyombo, kijiji cha pwani kisicho mbali na hori ya Mida na msitu wa Arabuko-Sokoke, kikatajwa kuwa mahali pake. Mwaka 2023 na 2024 wenyeji walipinga. Walikhofia bahari wanayovua, mikoko, mashamba na makaburi ya wazee wao. Walipeleka malalamiko hadi bungeni, wakaandamana, na mwezi Mei 2024 maandamano yakaishia kwa mapambano na polisi. Mwaka 2025 wakuu wa serikali walilitaja jimbo la Siaya, kando ya ziwa, kuwa ndiko kinu kitakakoelekezwa.

Haki isemwe: kinu cha umeme si bomu, na nchi inahitaji umeme. Wanaokitaka wana hoja zao, na vijana wanahitaji kazi. Lakini mvuvi wa Uyombo aliyeuliza maji ya moto ya kinu yatamwagwa wapi hakuwa mjinga wala adui wa maendeleo. Alikuwa amesimama pale waliposimama watu wa Sultani Majnun walipokwenda kusema juu ya ndama. Jawabu la swali kama hilo ni maelezo, tena kwa lugha aifahamuyo, kabla ya mpango kukatwa. Rungu si jawabu. Na watu wa Siaya nao wanastahili kuulizwa vile vile, si kuletewa mzigo kwa kuwa mwingine ameukataa.

Watoto wetu huonyeshwa Godzilla katika simu na televisheni, wakacheka majumba yakianguka. Si vibaya. Ila wasimuliwe na Nunda pia, waelezwe kuwa alianza akiwa paka, na kwamba alikuwapo mtu aliyekwenda kushitaki mapema. Waambiwe na habari ya twiga wa Malindi, aliyepandishwa chombo akavushwa bahari mpaka kwa mfalme aliyekuwa akitafuta shahidi. Mnyama wa heri huweza kupelekwa ng'ambo kwa zawadi. Uadilifu haupelekwi, hufanywa pale pale, siku ile mtu anapokuja mlangoni na shitaka lake la kwanza.