Walishindana miaka 12, kisha wakanuniana

Septemba 1990, mjamzito mmoja aliyekuwa akihesabu siku za kujifungua alisafiri kwa ndege ndogo kutoka Knoxville, jimbo la Tennessee nchini Marekani, hadi Pennsylvania. Alikwenda kuzungumza na wazazi wa binti aliyemtaka kwenye timu yake ya mpira wa kikapu. Mazungumzo yakiendelea, uchungu ukamshika. Hakukubali kupelekwa hospitali ya jirani. Alimaliza alichokwenda kusema, akarudi kwenye ndege na kutaka arudishwe nyumbani.

Angani hali ilikuwa ngumu kiasi kwamba marubani walipendekeza kutua Virginia. Mama yule alikataa katakata. Timu ya Chuo Kikuu cha Virginia ilikuwa imewatoa mashindanoni miezi michache iliyopita, na hakuwa tayari mwanawe azaliwe kwenye ardhi ya waliomfunga. Ndege iliendelea hadi Knoxville, na mtoto wa kiume, Tyler, akazaliwa huko.

Mwanamke huyo ni Pat Summitt, kocha wa timu ya wanawake ya Chuo Kikuu cha Tennessee. Ukurasa huu si wa michezo, lakini habari ya mama huyu na mpinzani wake mkubwa, Geno Auriemma wa Chuo Kikuu cha Connecticut, inatuhusu sisi wenye familia. Ni habari ya watu wawili waliopandishana juu kwa kushindana, kisha wakafika mahali pa kutozungumza.

Binti wa mkulima, mtoto wa mhamiaji

Pat alizaliwa mwaka 1952 katika familia ya wakulima, akiwa na kaka watatu wakubwa. Alikamua ng'ombe, alifunga majani makavu na kufanya kazi kwenye shamba la tumbaku kama kaka zake. Baba yake alikuwa mkali na mchache wa maneno. Lakini baba huyo huyo alipoona shule ya eneo lao haina timu ya kikapu ya wasichana, aliihamisha familia nzima kwenda eneo lenye shule iliyokuwa nayo, ili binti yake apate kucheza. Wapo wazazi wasiojua kutamka "nakupenda", wakalisema kwa kuhamisha nyumba.

Mwaka 1974, akiwa na umri wa miaka 22, Pat alikabidhiwa timu ya Tennessee. Mshahara ulikuwa dola 250 kwa mwezi. Alifua jezi mwenyewe, aliendesha gari la timu mwenyewe, na wachezaji waliwahi kuuza donati ili wapate fedha za sare. Miaka miwili kabla, mwaka 1972, Marekani ilikuwa imepitisha sheria inayokataza ubaguzi wa kijinsia katika shule na vyuo vinavyopata fedha za serikali kuu. Sheria ilikuwapo, lakini viwanja vilikuwa bado vitupu. Mechi yake ya kwanza ilitazamwa na watu wapatao 50 tu, naye akaipoteza kwa pointi moja.

Auriemma alitokea upande mwingine kabisa. Alizaliwa mwaka 1954 katika mji wa Montella, kusini mwa Italia, akafika Marekani na wazazi wake akiwa na miaka saba bila kujua Kiingereza. Mwaka 1985 alipewa timu ya wanawake ya Connecticut, chuo kilicho katika mji mdogo wa Storrs uliozungukwa na mashamba. Katika historia yake yote, timu hiyo ilikuwa imemaliza msimu mmoja tu ikiwa na ushindi mwingi kuliko vipigo. Msimu wake wa kwanza naye alifungwa mechi nyingi kuliko alizoshinda.

Mmoja alikuwa na macho makali yaliyowafanya wachezaji watazame chini. Mwingine alikuwa na ulimi wa utani usiojua kupumzika. Wahenga walisema mafahali wawili hawakai zizi moja.

Siku walipokutana

Walikutana kwa mara ya kwanza Januari 16, 1995, siku ya mapumziko ya kumkumbuka Martin Luther King. Tennessee ilikuwa namba moja nchini, Connecticut namba mbili. Summitt alikuwa ameshatwaa ubingwa wa taifa mara tatu na hakuwa na cha kumthibitishia mtu. Angeweza kukataa kwenda Storrs. Alikubali, maana mechi ingeonyeshwa kwenye televisheni, na mchezo wa wanawake ulihitaji kuonekana.

Alifungwa 77 kwa 66. Aprili mwaka huo walikutana tena, safari hii kwenye fainali, na Connecticut ikashinda 70 kwa 64. Ilimaliza msimu ikiwa imeshinda mechi zote 35.

Summitt alijibu. Mwaka 1996 aliwatoa Connecticut kwenye nusu fainali, 88 kwa 83 baada ya muda wa nyongeza, kisha akatwaa ubingwa. Miongoni mwa wachezaji wake alikuwamo Michelle Marciniak, yule binti wa Pennsylvania aliyefuatwa nyumbani na kocha mwenye uchungu wa uzazi. Alikuwa ameanza chuo kingine kabla ya kuhamia Tennessee. Na baada ya ubingwa huo, Summitt amesimulia, baba yake alimkumbatia kwa mara ya kwanza maishani. Yeye alikuwa na umri wa miaka 43.

Kuanzia hapo ikawa zamu kwa zamu. Tennessee ilitwaa ubingwa tena mwaka 1997 na 1998. Connecticut ikajibu mwaka 2000 kwa kuifunga Tennessee kwenye fainali, 71 kwa 52. Januari 2002 walipokutana Knoxville, watu 24,611 waliingia uwanjani. Umati wa namna hiyo ulikuwa haujawahi kuonekana kwenye mechi ya kikapu ya wanawake vyuoni. Kutoka watazamaji 50 hadi 24,000, ndani ya maisha ya kocha mmoja.

Mwaka 2003 na 2004 walikutana tena fainali, na mara zote mbili Connecticut ikashinda. Auriemma, kwa utani wake, aliipa Tennessee jina la "Dola Ovu". Mashabiki wake walicheka. Wa Knoxville hawakucheka.

Lakini kulikuwa na heshima chini ya kelele hizo. Mwaka 2002, baada ya kuchapwa 79 kwa 56 kwenye nusu fainali, Summitt aliingia kwenye chumba cha wachezaji wa Connecticut, akawapongeza mabinti waliokuwa wametoka kumfunga. Jaribu kufikiri hilo lilimgharimu nini mama aliyekataa hata kujifungulia Virginia.

Ukimya

Mechi ya mwisho ya wawili hao ilichezwa Januari 6, 2007, mjini Hartford. Tennessee ilishinda 70 kwa 64. Walikuwa wamekutana mara 22 katika miaka 12. Connecticut ilishinda 13 na Tennessee 9.

Miezi michache baadaye Summitt alitangaza kuwa hataendelea na mechi hizo, na hakutoa maelezo ya kina. Nyuma ya uamuzi huo kulikuwa na malalamiko ya Tennessee kuhusu namna Connecticut ilivyomshawishi binti mwenye kipaji kikubwa, Maya Moore, ajiunge nao. Kosa lililothibitishwa lilikuwa dogo. Connecticut ilikuwa imesaidia kumpangia Moore ziara ya kuitembelea studio ya televisheni ya ESPN, iliyomo katika jimbo hilo. Kwa Summitt jambo halikuwa dogo. Auriemma naye alisema hadharani kwamba kama kuna sababu, isemwe.

Nani alikuwa sahihi? Ukisoma habari zao utaona kila upande una watetezi wake hadi leo. Kilicho wazi ni hasara. Miaka hiyo Tennessee ilikuwa na Candace Parker, iliyetwaa naye ubingwa mwaka 2007 na 2008. Connecticut ilimpata Moore, ikatwaa ubingwa mwaka 2009 na 2010. Msimu wa 2007/08 wote wawili walikuwa chuoni, lakini timu zao hazikukutana hata mara moja. Mabinti wengine walianza chuo, wakasoma, wakahitimu, bila kucheza mechi ambayo dada zao waliokuwa mbele yao waliikumbuka kuliko zote.

Ndivyo ilivyo hata majumbani. Wakubwa wawili wakinuniana, wanaokosa ni watoto. Shangazi na baba wakikosana kuhusu kiwanja, binamu hukua bila kujuana. Mwanzo wa ugomvi husahaulika, na kutotembeleana kunabaki.

Agosti 2011

Kisha ikaja habari ambayo hakuna aliyeitarajia. Agosti 2011, Summitt, akiwa na miaka 59, alitangaza kwamba amegundulika kuwa na ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu wa aina ya Alzheimer, ulioanza mapema kuliko kawaida. Mwanamke aliyeweza kukumbuka michezo ya miaka mingi nyuma alikuwa ameanza kusahau.

Hakujificha. Alisema hadharani, akafundisha msimu mmoja zaidi huku wasaidizi wake wakibeba kazi kubwa, na akaanzisha mfuko wa kupambana na ugonjwa huo. Miongoni mwa watu wa mwanzo kuuchangia alikuwa Geno Auriemma, aliyetoa dola 10,000.

Kiasi hicho si kikubwa kwa kocha wa kiwango chake. Lakini kila aliyefuatilia ile miaka ya kununiana alielewa maana yake. Yapo maneno ambayo mtu mwenye kiburi hushindwa kuyatamka, akayapitisha kwenye mkono.

Summitt alistaafu Aprili 2012 akiwa na ushindi 1,098 na mataji manane. Pamoja na hayo aliacha jambo linalopaswa kupendwa zaidi na wazazi. Kila mchezaji wake aliyemaliza muda wake wa kucheza Tennessee alihitimu masomo. Kanuni yake ilikuwa rahisi: darasani unakaa katika safu tatu za mbele, na hukosi kipindi bila sababu.

Alifariki dunia Juni 28, 2016, akiwa na miaka 64. Timu yake na ya Auriemma zilikuwa hazijakutana tena.

Walirudi, yeye hayupo

Januari 23, 2020, baada ya miaka 13, Tennessee iliingia tena uwanjani Hartford. Connecticut ilishinda 60 kwa 45. Auriemma alikuwa kwenye benchi lake kama zamani. Upande wa pili alikaa mtu mwingine.

Connecticut iliendelea kushinda mwaka 2021, 2022 na 2023. Wengi walianza kusema utani wa jadi umekufa, umebaki jina.

Februari 6, 2025, mjini Knoxville, kwenye uwanja ambao sakafu yake imepewa jina la Summitt, Tennessee ilishinda 80 kwa 76. Ulikuwa ushindi wa kwanza dhidi ya Connecticut tangu ile mechi ya 2007. Kocha alikuwa Kim Caldwell, aliyekuwa katika msimu wake wa kwanza chuoni hapo. Alikuwa amejifungua mtoto wa kiume Januari 20, wiki mbili na siku chache tu kabla. Alikosa mechi moja, akarudi kazini. Wapo waliosema amewahi mno kurudi, na mama yeyote aliyewahi kujifungua anajua kwamba hilo si jambo la kumwekea mwingine kipimo. Lakini wazee wa Knoxville walimwona mama wa kichanga akiongoza timu dhidi ya Connecticut, na bila shaka wapo waliokumbuka ndege ile ya 1990.

Je, Connecticut ilivunjika? Hapana. Baada ya kipigo hicho haikupoteza mechi nyingine msimu ule. Aprili ilitwaa ubingwa wa taifa, wa 12 kwa Auriemma, aliyekuwa na umri wa miaka 71. Aliyewafunga aliwaamsha.

Hapo ndipo ilipo faida ya mpinzani mzuri. Summitt alipofungwa mwaka 1995 alirudi akiwa bora zaidi. Auriemma hakuwa na jina kubwa kabla ya kumfunga Summitt. Kila mmoja alimhitaji mwenzake ili ajue uwezo wake, na mabinti waliocheza chini yao walinufaika na mafahali hao wawili. Walichokipoteza ni miaka tisa, kutoka 2007 hadi 2016, ambayo hakuna mechi wala mchango unaoweza kuirudisha.

Kama una ndugu, jirani au mfanyakazi mwenzako mliyekuwa mkishindana naye vizuri, kisha neno moja likawatenganisha, huna haja ya kukubali kwamba ulikosea. Mpigie simu. Mwulize tu watoto wanaendeleaje.